Kisa cha Coaster yetu: siku mama mkubwa alipoomba ashushwe Kariakoo

Naandika hii kwa yeyote anayefikiria kulipia zile safari za siku moja za kuzungushwa Dar na basi, na pia kwa nyie mnaoziendesha, maana kilichotokea kwenye safari yetu nimekaa nacho wiki tatu nakigeuza huku na huku na naona kina kitu cha kufanyia kazi. Kampuni siitaji. Sitaki kumharibia mtu riziki, nataka tuelewane tu ilikuwaje na kwa nini.

Hali ilikuwa hivi. Tulikuwa na harusi ya mdogo wangu Magomeni, ndugu wamejaa kutoka Kigoma, Tabora, Songea, na binamu zangu wawili wanaoishi Muscat. Harusi Jumamosi, wengi wanaondoka Alhamisi, kwahiyo tukasema Jumanne wageni watembezwe wauone mji, wasije wakarudi makwao wamemwona bibi harusi tu na sufuria za pilau. Tukakodi Coaster yenye mwongozaji, elfu 55 kwa kichwa, watu 24, piga hesabu ni 1,320,000. Humo kuna maji, chakula cha mchana na viingilio. Ratiba wakaturushia WhatsApp: Posta, Kivukoni, Kisutu, Kariakoo "kupita", nyumba ya Mwalimu Magomeni, Manzese "kupita", Mwenge kwenye vinyago, halafu Masaki na Coco Beach. Hilo neno "kupita" lilikuwepo toka mwanzo na mi nilisoma nikaliacha lipite, nalitaja sasa maana ndio mzizi wa mambo yote.

Mtu ambaye kisa kinamhusu ni mama mkubwa. Kazaliwa Kariakoo mwaka 1951, nyumba ya Kimanyema, akaolewa Ujiji 1972 na akakaa hukohuko. Dar anakuja kwa misiba na harusi, anapokelewa stendi anapelekwa moja kwa moja kwenye shughuli, shughuli ikiisha anarudishwa stendi. Mtaa aliozaliwa hakuwa ameukanyaga zaidi ya miaka 30. Na sisi tuliompandisha kwenye basi hatukuwahi kumuuliza anataka kuona nini, tulimuwekea mto kwenye siti ya mbele tukaona tumemheshimu.

Tulianza saa 2 na nusu. Kijana aliyetuongoza ana kama miaka 26, shati limenyooka, maiki mkononi, na kazi yake anaijua, hilo nalisema mapema kabisa. Pale kwenye sanamu ya Askari alitueleza kwamba kabla yake palisimama sanamu ya Wissmann, gavana wa Kijerumani, Waingereza walipouchukua mji 1916 wakaiondoa, na huyu Askari wa shaba akawekwa 1927 kuwakumbuka Waafrika wa Vita ya Kwanza. Kivukoni akatuonyesha kanisa la Azania Front, akaeleza Sultani Majid wa Zanzibar alivyoanza kujenga miaka ya 1860 pembeni ya kijiji cha Mzizima, akafariki 1870 mji haujasimama vizuri, halafu Wajerumani wakahamishia makao makuu yao hapa kutoka Bagamoyo mwaka 1891. Binamu zangu wa Muscat hapo walikaa wima, maana Majid ni mtoto wa Seyyid Said, sultani wa Oman na Zanzibar, kwao hiyo ni habari ya nyumbani, wakaanza kuuliza maswali na yule kijana akayajibu vizuri. Kisutu tukashuka dakika 15, tukapita mbele ya mahekalu ya Kihindu, harufu ya udi imejaa mtaani, watu wakanunua bajia na kachori, mjomba wa Tabora akajaribu tambuu akaitema, tukarudi ndani.

Mpaka hapo ungeniuliza ningesema hela yetu imefanya kazi.

Ila kuna kitu kilikuwa kinanisumbua toka Kisutu na sikukijua jina lake mpaka baadaye. Kila kituo alikuwa anakieleza kama kisiwa. Hapa kuna kanisa, lilijengwa mwaka fulani, hapa ni kwa Wahindi, hapa ni sokoni, haya twende. Sasa mji wa Dar haukukaa hivyo kwa bahati. Wajerumani waliweka kanuni za ujenzi toka 1891 na Waingereza wakaziendeleza miaka ya 1920, mji ukagawanywa kanda tatu. Sheria yenyewe ilizungumzia aina ya nyumba, kwamba upande huu zinaruhusiwa nyumba za namna hii na upande ule za namna ile, lakini kila mtu alijua maana yake nini: Uzunguni upande wa bahari, Uhindini katikati kwenye maduka, Uswahilini kule nyuma. Na kati ya Uhindini na Kariakoo ikaachwa nafasi wazi, watu wasigusane. Hiyo nafasi ndiyo Mnazi Mmoja. Coaster yetu ilipita pembeni ya Mnazi Mmoja na kijana akatuonyesha mnara wa Mwenge wa Uhuru na watoto wanacheza mpira, basi, akaendelea. Yaani tulivuka mpaka wenyewe uliougawa mji na hakuna aliyejua kama tumeuvuka.

Na lingine. Kule Posta katuambia Askari ni kumbukumbu ya vita. Kariakoo katuambia jina limetokana na Carrier Corps, wapagazi wa jeshi la Waingereza waliowekwa kambi pale. Vyote viwili ni kweli. Lakini ni habari moja hiyo! Maandishi ya kwenye ile sanamu yanawataja wapagazi kwamba ndio walikuwa miguu na mikono ya jeshi. Wale waliopigiwa kambi Kariakoo ndio wanaokumbukwa Posta, na ukitoka sanamu mpaka kambi ni mwendo wa miguu tu. Mtu akikuunganishia hilo ukiwa ndani ya basi unapata baridi mwilini, asipokuunganishia unabaki na vipande viwili vya maelezo ambavyo kesho umevisahau.

Haya, Kariakoo sasa. Tuliingia saa 5 kasoro, na kuingia Kariakoo saa 5 ya Jumanne na Coaster mnajua wenyewe, mikokoteni, bodaboda, kuli kabeba marobota ya mitumba kichwani anapiga mluzi watu wampishe, machinga wamepanga viatu mpaka usawa wa tairi. Tulitembea labda mita 200 kwa dakika 35. Madirisha yamefungwa, AC inapuliza, na kijana anasoma: soko kuu limechorwa na Beda Amuli, msanifu wetu Mtanzania, lilifunguliwa 1975, angalieni zile zege za juu zimekaa kama miamvuli, liliungua Julai 2021. Sisi tunatazama kupitia kioo. Akaongeza, "tafadhali msifungue madirisha, simu zenu ziwekeni chini, hapa kuna vibaka."

Mama mkubwa akaniita. Akasema taratibu kabisa, "Mwanangu, mwambie huyu kijana mimi nashuka hapa."

Nilidhani anataka kwenda msalani. Kumbe tulikuwa tumesimama kwenye makutano ya Mtaa wa Sikukuu, kaona kibao. Nikaenda mbele kumwambia kijana, akasema bi mkubwa samahani sana, ratiba haituruhusu kushuka Kariakoo, ofisi imekataza, mtu akiibiwa mimi ndio naulizwa. Mama mkubwa akamjibu, na haya maneno nayaandika kama yalivyo, "Baba, mimi hapa nimezaliwa. Unaniogopesha na kwetu?"

Basi lote likanyamaza.

Sasa hapa ndipo nawaomba msimlaumu kijana haraka, mi mwenyewe nilikasirika mwanzo lakini nikimuweka kwenye nafasi yake naona alikuwa kabanwa. Amepewa karatasi, amepewa saa, amepewa na hofu ya ofisi juu yake, na watu 24. Aliyevunja ile hali alikuwa dereva, mtu mzima kidogo, alisema, "Mimi naweza kurudi nikasimama pembeni ya Mnazi Mmoja, mtembee, mkimaliza mnapiga simu." Kijana akafikiri, akampigia mtu, mtu hakupokea, akasema haya twendeni lakini tukae pamoja.

Tulitembea nyuma ya bibi wa miaka 70 na zaidi ambaye ghafla hakuhitaji kushikwa mkono. Tukapita Lumumba, akaonyesha ofisi ambapo TANU ilizaliwa Julai 1954 akasema mtaa huu enzi hizo ukiitwa New Street, na kwamba yeye alikuwa anatumwa dukani karibu na hapo. Akawa anataja mitaa kama mtu anayeita majina ya watoto wake wale chakula, Sikukuu, Swahili, Narung'ombe, Likoma, Mchikichi, Tandamti, na ile yenye majina ya makabila, Gogo, Nyamwezi, Sukuma, maana watu walikuja hapa kutoka kila upande wa nchi na ng'ambo yake. Akaeleza Wamanyema walitoka Kongo mashariki, na kwamba msikiti wenye jina lao upo mpaka leo Kariakoo hiihii. Akaeleza usiku wa kuamkia tarehe 9 Desemba 1961, ana miaka 10, baba yake kambeba mgongoni kwa sababu miguu ilishachoka, watu wanamiminika kwenda uwanja wa taifa bendera ipandishwe, na anachokumbuka yeye ni taa kuzimwa na giza lile, halafu kelele.

Kijana wetu alikuwa ameshusha maiki. Baadaye nikamwona katoa simu anarekodi.

Nyumba yao haipo. Pamesimama ghorofa, chini fremu za vitenge, juu stoo. Mama mkubwa aliangalia juu akahesabu ghorofa kwa kidole, hakusema kitu. Lakini nyumba tatu mbele ilikuwepo moja ya zamani, imebanwa katikati ya maghorofa mawili kiasi kwamba jua haliifikii, bati jekundu kwa kutu, na mbele baraza la saruji, hiyo saruji imekaliwa miaka na miaka mpaka imekuwa nyororo inang'aa kama ndani ya chungu. Mlango mbao mbili uko wazi. Ukisimama mlangoni unaona korido moja kwa moja mpaka uani, vyumba vitatu huku vitatu kule, na mwisho kabisa kamwanga ka uani na kamba ya nguo. Mama mkubwa akapanda barazani akakaa bila kukaribishwa, akaweka viganja vyote viwili chini kwenye ile saruji, kushoto na kulia, akabaki hivyohivyo.

Akatoka mzee wa nyumba, shikamoo marahaba, wewe wa nani, mimi wa fulani, fulani yupi, yule mwenye cherehani. Aa! Hawakukumbukana sura, walikumbukana kwa mama zao. Mzee akatupa hesabu ya mtaa mzima: hawa waliuza wakaenda Mbagala, wale wakapewa ghorofa moja na aliyejenga, wale wako Chanika, wale ndugu waligombana kwenye mirathi nyumba ikauzwa. Na yeye wanamfuata kila mwezi auze.

Hapo ndipo nilipoelewa kitu ambacho hakikuwepo kwenye karatasi ya kijana wala kichwani kwangu mimi niliyekulia Dar. Ukiwatafuta watu wa Kariakoo, kwa kiasi kikubwa hawapo Kariakoo. Wako Mbagala, wako Tandika, wako Chanika. Kinachoonekana kwenye kioo cha basi ni biashara, na ni biashara kubwa mno, wanakuja watu mpaka kutoka Lubumbashi na Lusaka kufunga mzigo, lakini mtaa kama mtaa umehama na watu wake, umebaki kwenye mabaraza mawili matatu na kwenye vichwa vya wazee. Kwahiyo mwongozaji anayesema "hapa ni Kariakoo" anaposema hivyo anaonyesha kibao tu.

Tukatumia dakika 70. Na hakuna aliyeibiwa.

Kilichofuata ndio kiliniuma zaidi kuliko kule kukataliwa kushuka. Muda ukawa umebana, lazima kitu kikatwe, kijana akatangaza kwamba nyumba ya Mwalimu Magomeni haitawezekana tena. Nyumba ambayo Nyerere aliishi baada ya kuacha ualimu Pugu 1955, wakati anakijenga chama, na watoto wa Songea walikuwa wameiulizia toka asubuhi! Nikauliza kwa nini tusipunguze Masaki. Akaniangalia, akasema kwa sauti ya chini kwamba Masaki kuna duka ofisi wamekubaliana nalo, lazima kila basi likae pale. Tukakaa pale dakika 95. Nilizipima. Hakuna hata mmoja wetu aliyenunua kitu zaidi ya soda.

Na Manzese. Tulishuka bonde la Jangwani, pale Mto Msimbazi unapofurika mvua kubwa zikija na mji kukatika vipande viwili, tukapita Magomeni bila kusimama, tukafika Manzese dereva akapunguza mwendo ili "mpate picha za uswahilini." Simu zikanyanyuliwa. Pembeni palikuwa na dada anakaanga vitumbua, jiko la mkaa, mtoto kakaa kwenye ndoo iliyofunikwa. Akainua kichwa akaona simu kama kumi zinamwelekea nyuma ya vioo. Akavuta kanga akafunika uso, akamgeuza na mtoto. Mimi simu yangu ilikuwa juu pia. Hao ni watu wetu, nusu ya tuliokuwa ndani ya ile gari tumelala Magomeni jana yake kwenye mitaa ileile, lakini kule kukaa juu kwenye siti, kioo kimefungwa, mtu anakuelezea watu kwenye maiki, kunakugeuza mtu mwingine ndani ya dakika tano. Tungesimama tukanunua vitumbua vya elfu tano tungemsalimia, tungejua anaamka saa ngapi, na picha labda angetupa mwenyewe.

Upanga hatukushuka, alisema tu "hapa wanakaa Wahindi wengi" na hospitali ya Muhimbili ile pale. Hakugusa mwaka 1971, sheria ilipotwaa majengo yenye thamani ya zaidi ya laki moja, na familia nyingi za Kihindi zikafunga mizigo kwenda Uingereza na Kanada. Bila hiyo huwezi kuelewa zile nyumba, nani aliziacha, nani aliingia.

Jioni nilikaa na daftari. Masaa 9 jumla. Ndani ya basi, ikiwemo foleni, masaa 5 na kitu. Dukani Masaki saa moja na nusu. Kutembea kwa miguu mitaani, pamoja na zile dakika 70 ambazo hazikuwa kwenye mpango, hata masaa mawili hayafiki. Halafu nikamuuliza kila mtu kwenye grupu la familia siku iliyofuata amebaki na nini. Karibu wote walijibu kitu cha zile dakika 70: baraza, yule mzee, usiku wa Uhuru. Mjomba alitaja tambuu. Masaki hakutaja mtu.

Sasa wapo watakaosema tatizo ni basi, kwamba mji unatembelewa kwa miguu. Sikubaliani. Dar ina watu zaidi ya milioni 5 kwa sensa ya 2022, umbali wenyewe ni mkubwa, na wazee hawawezi kutembea kutoka Posta mpaka Manzese juani. Basi ni zuri, linakuunganishia, unaona jinsi bahari inavyogeuka maduka na maduka yanavyogeuka nyumba za bati. Shida yetu ilikuwa kwamba muda uligawanywa kwa kufuata duka, siku ilichaguliwa bila kufikiria Kariakoo inavyokuwa katikati ya wiki, na abiria walichukuliwa kama watu wasiojua kitu wakati kwenye siti ya mbele, juu ya mto, alikuwa amekaa mtu anayejua kuliko karatasi yote.

Yule kijana alinipigia mwenyewe siku nne baadaye. Akasema ana ruhusa ya kujaribu mzunguko mwingine Jumapili, watu wachache, kama nina ushauri. Tukakaa tukachora: kuanzia Feri saa 1 asubuhi mnada wa samaki ukiwa umechangamka, halafu Askari, na pale asome maneno ya wapagazi, halafu Kisutu kwa chai, halafu washuke Mnazi Mmoja na wauvuke ule uwanja kwa miguu kutoka upande wa Uhindini kuingia Kariakoo, ili mwili wenyewe ujue umevuka nini. Jumapili maduka mengi yamefungwa, mtaa unapumua. Kahawa na kashata barazani kwa mzee, kwa makubaliano naye na alipwe. Kisha Magomeni kwa Mwalimu. Masaki iwe mwisho na kwa anayetaka.

Nilienda nao. Walikuwa 11, wengi vijana wa kazini Posta ambao wanaijua Kariakoo kwa kununua simu tu. Tulipofika pale Lumumba kijana akasimama, akasema ngojeni kidogo, akatoa simu akapiga video Ujiji. Mama mkubwa akapokea, kajifunga kanga, nyuma yake unaona kuku wanapita. Kijana akaiweka simu karibu na kispika chake cha mkononi.

"Shikamoo mama. Tupo hapa Lumumba."

"Marahaba baba. Upande gani wa Lumumba? Geuza hiyo simu nione. Ehee. Sasa ingieni na mtaa huo wa kulia, msikimbie, mkifika kona ya pili mniambie mnaona nini."